Kwenda Pate kwa siku nne: jibu kwa mwalimu wa Malindi

Swali: Asalaam aleikum ustadh. Mimi ni mwalimu wa Kiswahili hapa Malindi. Likizo ya Agosti nina siku nne, kwenda na kurudi zikiwemo, na nataka kuwapeleka mama yangu mzazi (ana miaka 67) na mwanangu wa miaka 11 wakaone magofu ya visiwani Lamu. Orodha yangu ni hii: Takwa, Manda, Shanga, Siyu, Pate na Faza. Je, siku zitatosha? Rafiki yangu ananiambia huko hakuna kitu ila mawe na vichaka, afadhali niwarudishe kwenye magofu ya Gedi, huku kwetu, tu. Nisaidie.

Jibu:

Waaleikum salaam, mwalimu.

Hiyo orodha haiingii katika siku nne. Toa siku ya kwenda na siku ya kurudi, umebakiwa na mbili, na hizo mbili si zako peke yako, una ubia na maji. Kwenye ramani Lamu, Manda na Pate zimekaribiana mno, mtu akadhani atazimaliza kwa asubuhi moja. Lakini Takwa, iliyoko kisiwani Manda, iko ndani ya kijito chenye mikoko, na maji yakishapwa kijito hicho ni matope matupu. Mji wa Pate na mji wa Siyu nao vijito vyao ni hivyo hivyo. Hata Mkanda, ule mlango mwembamba baina ya kisiwa cha Manda na bara ambao ndio njia ya ndani ya kwenda Pate, manahodha hupendelea kuupita maji yakiwa mengi. Kwa hiyo usianze kwa kuchagua magofu. Anza kwa kuchagua tarehe, halafu magofu yatajichagua yenyewe.

Tarehe ninayoisema si ya Agosti, ni ya mwezi wa Kiislamu. Pwani yetu hii, siku mwezi unapoandama na siku unapokuwa mpevu, maji hujaa karibu na saa kumi, alfajiri na alasiri, na hupwa karibu na saa nne, asubuhi na usiku. Kila siku ikipita huchelewa kwa dakika arobaini, hamsini, wakati mwingine zaidi. Hizo ndizo siku za bamvua, maji yanapojaa kwelikweli na kupwa kwelikweli. Ikifika tarehe 8 au 22 mambo yamegeuka: maji yanajaa saa nne au saa tano za mchana, wakati mzuri kabisa kwa mtalii, lakini ni maji mafu, hayapandi sana, na kijito chenye kina kidogo kinaweza kukunyima njia hata wakati wa kujaa.

Ndiyo maana nakushauri ufike Lamu tarehe 1 au 2, au 15 au 16. Tazama inavyokaa. Siku ya kwanza maji yanajaa baina ya saa kumi na saa kumi na moja jioni: ukishuka kwenye basi mapema, unaiwahi Takwa siku hiyo hiyo. Kesho yake yanajaa alfajiri, karibu na saa kumi na moja: unaswali, unapanda chombo, unapita Mkanda maji yakiwa bado tele. Siku ya tatu yanajaa tena magharibi, kwa hiyo ukitoka Pate saa kumi alasiri unarudi na maji yanayopanda, wala huna haja ya kupambana na matope. Nahodha atakurekebishia kwa saa moja huku au huku, na mwandamo nao unaweza kukutupa kwa siku moja, lakini mpango wenyewe hausimami vizuri kwenye tarehe nyingine yoyote ya mwezi. Kama likizo yako haikubali tarehe hizo, kata Takwa na uache mambo mengine yakae kwa nafasi.

Agosti ni msimu wa kusi, upepo utokao kusini. Upepo wa Juni na Julai huwa umeanza kupoa, lakini nje ya Manda bahari bado ni nzito, na mama wa miaka 67 hana cha kufuata huko. Mwambie nahodha tangu mwanzo kwamba unapita ndani, kwenda na kurudi. Akikuambia nje ni karibu zaidi, mshukuru utafute mwingine. Na usimpe pesa mtu aliyekufuata tangu gatini kabla hujakiona chombo chenyewe na jaketi za kuokolea zilizomo, ukazihesabu.

Sasa tuzichukue siku zako moja moja.

Siku ya kwanza toka Malindi na basi la mapema kabisa. Barabara ya Garsen na Witu sasa ni lami, na mwendo wa kufika Mokowe ni saa nne au tano hivi, kutegemea muda mtakaosimama kwenye vizuizi vya polisi. Kila mtu mzima awe na kitambulisho mfukoni, si kwenye begi lililo juu ya basi. Mokowe unavuka kwa boti, nusu saa hivi, unashuka Lamu. Weka mizigo, kuleni, na kama saa tisa na nusu bado hamjachoka, chukueni boti ya injini mwende Takwa.

Takwa ni ya mama yako. Nasema hivi kwa sababu ndiyo pekee katika orodha yako ambayo eneo lake limesafishwa, njia zake zinapitika, na kutoka kwenye boti hadi kwenye msikiti si mbali. Mji huo ulistawi baina ya karne ya 15 na ya 17, ukahamwa, na watu wake wengi inasemekana walivuka wakakaa Shela, kisiwani Lamu. Msikiti wa Ijumaa una nguzo iliyosimama juu ya ukuta wa kibla, jambo ambalo huwezi kuliona kila mahali. Karibu yake kuna kaburi la mnara lenye mwaka wa 1094 Hijria, yaani karibu na 1683, na watu wa Shela hadi leo huenda hapo kuomba dua ya mvua. Kwa hiyo ingieni kwa adabu, si kwa kelele za picha. Saa kumi na moja na robo muwe mmeshapanda boti; nahodha akianza kuangalia maji badala ya kuwaangalia ninyi, ujue muda umeisha.

Siku ya pili ndiyo ya kisiwa cha Pate, chenye Shanga, Siyu, mji wa Pate na Faza. Ukitoka Mkanda upande wa kaskazini utaziona winchi za bandari mpya ya Lamu mkono wa kushoto, upande wa bara. Gati yake ya kwanza ilifunguliwa Mei 2021. Mkono wa kulia, kwenye pembe ya kisiwa, ndipo ulipokuwa mji wa Manda, uliokuwepo tangu karne ya 9 na ambao mwanaakiolojia Neville Chittick aliuchimba katika miaka ya 1960 na 1970. Mwonyeshe mwanao kwa kidole na mwendelee na safari. Manda ina historia kubwa kuliko kinachoonekana: mtu asiye wa kazi hii ataona kuta mbili tatu za mawe makubwa yaliyozuia bahari, na vichaka. Kwa sababu hiyo nimeikata.

Shukeni Mtangawanda. Watu wa Lamu wengine watakwambia ukashukie Pate mjini au Siyu moja kwa moja kwa kijito. Kwa kijana peke yake, sawa. Wewe una mama. Mtangawanda kuna gati na kina cha kutosha, na nje ya gati kuna pikipiki zinazokwenda Siyu, Pate, Faza hadi Kizingitini. Mama apande na dereva mtu mzima, umwambie taratibu, njia ina mchanga.

Lala Siyu, usilale Pate wala Faza. Sababu moja ni kwamba Siyu iko katikati. Ya pili ni wewe mwenyewe, mwalimu wa Kiswahili. Mwana Kupona binti Mshamu, ambaye bila shaka umeshawasomesha wanafunzi wako habari zake, alikuwa mke wa Bwana Mataka, mtawala wa Siyu, na utendi wake kwa binti yake aliutunga mwaka 1858. Huyo Bwana Mataka na mwanawe Mohammed ndio walioisumbua Zanzibar kwa miaka. Katikati ya miaka ya 1840 Seyyid Said, Sultan wa Zanzibar, alituma majeshi kuitia Siyu mkononi, yakarudishwa, na amiri wake Hamad bin Ahmad akauawa. Siyu haikushikwa hadi 1863, wakati wa Sultan Majid. Ngome utakayoiona kando ya kijito ni ya karne hiyo ya 19. Nani aliyeijenga ni ugomvi hadi leo: Wasiyu watakwambia ni yao, waliijenga kujikinga na Zanzibar, na wako wanaosema ni ya Zanzibar yenyewe. Muulize mzee yeyote barazani halafu nyamaza usikilize. Mama yako atayafurahia hayo kuliko ngome yenyewe.

Siyu pia ulikuwa mji wa wanazuoni na mafundi. Misahafu iliyonakiliwa hapa kwa mkono, yenye mapambo ya rangi, ilisifika katika karne ya 18 na ya 19. Kazi ya ngozi bado ipo kwa baadhi ya familia. Ukitaka makubadhi, nunua hapa kwa aliyeyashona.

Malazi si ya hoteli. Mtakuwa nyumbani kwa mwenyeji, na ni vizuri mpango huo uufanye ukiwa bado Malindi, kwa simu, kupitia mtu wa Makumbusho ya Lamu au mtu unayemjua mwenye asili ya huko. Na nani Malindi asiyemjua Mpate au Mbajuni mmoja? Bei ya kulala, chakula na mwongoza njia mmalizane kabla. Beba pesa taslimu za kutosha, chandarua, na maji ya kunywa kwa siku mbili, maana maji ya kisima na ya jabia, yaani birika, hayamkubali kila tumbo.

Siku ya tatu asubuhi mapema nenda Shanga, na hapa mama abaki Siyu. Najua hukutaka kusikia hilo. Lakini njia ni ya miguu, mwendo wa saa moja hivi kupita mashambani na msituni, na Agosti ni baada ya masika, nyasi zimepanda na miiba imejaa. Mwongoza njia atembee mbele na panga, na mtoto avae suruali ndefu na viatu vilivyofunikwa.

Shanga ndiyo sababu ya safari nzima, na hapo hapo ndipo rafiki yako anapokuwa na haki kidogo. Hakuna kibao, hakuna ukuta uliokarabatiwa. Ukifika bila mtu wa kukueleza utaona msitu wenye kuta ndani yake. Sasa sikiliza kilichomo. Mwanaakiolojia Mark Horton alianza kuchimba hapa mwaka 1980, na tabaka za chini kabisa zilimpeleka hadi karne ya 8. Chini ya sakafu ya msikiti wa Ijumaa alikuta dalili za misikiti mingine iliyoutangulia, mmoja chini ya mwingine, hadi akafika kwenye matundu ya nguzo za miti za jengo dogo la mwishoni mwa karne ya 8. Yaani watu waliswali mahali pale pale, wakajenga upya juu ya pale pale, kwa vizazi na vizazi, kwanza kwa miti, kisha kwa mawe. Kuna ushahidi mchache sana wa Uislamu wa zamani kama huo katika pwani yetu yote. Zilipatikana pia sarafu ndogo za fedha zenye majina ya Kiislamu. Baadaye mji ukawa wa nyumba za mawe zaidi ya mia moja na makaburi kwa mamia, na mwanzoni mwa karne ya 15 ukahamwa.

Kuna kitu kimoja umwonyeshe mwanao kwa karibu. Ukutani atafute mawe ya aina mbili. Moja ni lile jiwe gumu la matumbawe ya nchi kavu, lenye mashimo, limepangwa ovyo na kushikwa kwa chokaa. La pili liko penye mihrabu na kwenye vizingiti vya milango: jepesi, laini, limenyooka pembe, na akilisogelea ataona vitundu vidogo vidogo vya nyota vimejaa uso mzima. Hilo lilikatwa baharini likiwa bichi, likachongwa kwa tezo kabla halijakauka. Akishajua kuzitofautisha hizo mbili atakuwa anajua kulisoma gofu lolote la pwani, hata la huko kwenu Gedi.

Upande wa ufuoni ataona vigae, vingine vya udongo wa kienyeji, vingine vyenye rangi ya kijani inayong'aa. Aviangalie, avipige picha, aviache palipo. Sheria ya Makumbusho na Turathi ya mwaka 2006 inakataza kuondoa vitu vya kale, na kigae kikishatolewa mahali pake hakimwambii tena mtaalamu lolote.

Mtasimuliwa habari za Wachina, hakuna mgeni anayeondoka bila kuzisikia: mabaharia waliovunjikiwa na meli, wakapokewa na wenyeji, wakaoa, na kizazi chao kipo Siyu. Simulizi ni tamu na China yenyewe iliipenda, hata mwaka 2005 msichana mmoja wa Siyu akaalikwa kwenda kusoma huko katika maadhimisho ya miaka 600 ya safari za Zheng He, amiri wa majini wa China. Mimi siipingi simulizi ya watu kuhusu babu zao. Ninachokataa ni kuonyeshwa kigae cha Kichina kama ushahidi wake. Vyombo vya China vilifika hapa kwa biashara, mkono kwa mkono kupitia bandari za Bahari ya Hindi, mamia ya miaka kabla ya Zheng He kuzaliwa, na Shanga ilikuwa na umri wa zaidi ya miaka 600 alipofunga safari yake ya kwanza mwaka 1405. Mwanao akiuliza, mpe yote mawili aamue.

Saa tano muwe mmerudi Siyu. Mchukueni mama, pandeni pikipiki, nendeni Pate mjini. Sitaki nikueleze sana Pate kwa sababu wewe utaieleza kuliko mimi: ndio mji wa Wanabhani, ukoo ulioutawala, na ndio majumba aliyoyalilia Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir katika utenzi wa Al-Inkishafi mwanzoni mwa karne ya 19, baada ya vita vya ndani, kushindwa na Lamu katika vita vya Shela karibu na 1812, na biashara kuhamia kwingine. Ninakutakia tu ujue utakachokikuta. Magofu hayakuzungushiwa uzio. Yamo ndani ya mashamba ya tumbaku, nje kidogo ya mji unaoishi watu. Utavuka mistari ya tumbaku hadi kiunoni, halafu mbele yako unasimama ukuta wenye zidaka bado zimekaa safu kwa safu, zile za kuwekea sahani za China na kauri, na ndani ya kidaka kimoja mkulima ameweka jembe lake. Omba ruhusa kwa mwenye shamba kabla hujaingia. Mama ataweza hapa. Njia ni tambarare, apate tu mwamvuli na kiti cha kukalia kivulini.

Saa tisa na nusu rudini Mtangawanda. Boti za abiria zina saa zao kufuatana na maji, kwa hiyo siku ya kwanza ukiwa bado gatini Lamu uliza boti ya kurudi ni saa ngapi. Isipolingana, kodi boti ya watu wachache, na kama kuna wageni wengine mnaweza kugawana gharama.

Faza nimeiacha nje. Ina kaburi la yule Amiri Hamad na mabaki ya msikiti wa Kunjanja, na ni mji niupendao, lakini kuufikia na kurudi siku hiyo kutakula Pate yote.

Kuhusu rafiki yako na Gedi. Gedi imechimbwa, imesafishwa, ina vibao, na tangu 2024 imo katika orodha ya Turathi ya Dunia ya UNESCO, kama ulivyo mji wa Lamu tangu 2001. Kama mwanao hajawahi kuona gofu, mpeleke Gedi kwanza, Jumamosi moja kabla ya Agosti, aone mji mzima ulivyopangika: msikiti, kasri, nyumba, visima. Kisha Shanga atakapokuta kuta tatu zimezama msituni, kichwa chake kitajaza zilizobaki. Rafiki yako anaona ni kimoja au kingine. Kwa mtoto wa miaka 11 mpangilio ni huo.

Mavazi unayajua, wewe ni mtu wa pwani: hakuna kaptura Siyu wala Pate, na picha za watu ziombwe. Angalia pia kalenda kama Agosti ya mwaka wako haijaangukia Ramadhani, maana mchana hutapata pa kula, au wiki ya Maulidi ya Lamu, maana hutapata pa kulala.

Siku ya nne ni ya kurudi tu, usiipangie kitu. Boti ya Lamu hadi Mokowe iwe ya kwanza ya asubuhi, na tikiti ya basi la kurudi ikate siku ya kwanza, ile ile unayofika Mokowe ukiwa na mizigo mkononi, kwa sababu mwisho wa likizo wanafunzi na walimu wote wanarudi pamoja, na basi la mapema hujaa kabla ya jua la siku iliyotangulia kutua. Omba viti vya mbele, kwa ajili ya magoti ya mama.